Sentensi moja ya Jerry Ziesmer

Kila ninapoitazama tena Apocalypse Now, filamu ya Francis Ford Coppola kuhusu vita vya Vietnam iliyotoka mwaka 1979, macho yangu huwaacha Martin Sheen na Harrison Ford na kumfuata raia mmoja aliyeketi nao mezani, ambaye anakula taratibu bila kutia neno. Kapteni Willard, anayechezwa na Sheen, ameitwa kupewa kazi. Jenerali anamkaribisha nyama na kamba wa baharini, kanali, ambaye ndiye Ford, anamsikilizisha kanda yenye sauti ya Kanali Kurtz, ofisa aliyeasi, na wote wawili wanazunguka mbuyu mpaka Willard mwenyewe anapouliza kama anatumwa kummaliza ofisa mwenzake. Hapo ndipo yule raia anapofungua kinywa na kutamka sentensi moja ya kiofisi ambayo maana yake ni kuua. Kwa Kiswahili chetu ningeifananisha na lile neno "ashughulikiwe", ambalo likitoka kwa mkubwa fulani kwa sauti ya upole, msikilizaji huishiwa nguvu.

Raia huyo ni Jerry Ziesmer, na hakuajiriwa kwanza kwa uigizaji, bali alikuwa mwongozaji msaidizi wa filamu hiyohiyo.

Wasiowahi kufika lokesheni hudhani msaidizi ni mtu wa kumbebea mwongozaji kiti. Kumbe yeye ndiye anayeichambua skripti ukurasa kwa ukurasa, akapanga matukio yote ya mahali pamoja yapigwe kwa mfululizo hata kama katika hadithi yameachana mbali, akahesabu magari, mavazi, chakula na waigizaji wa ziada, kisha akasimama kwenye seti kuamuru watu wanyamaze. Nchini Ufilipino, ambako filamu hiyo ilipigwa, kazi hiyo ilikuwa mtihani mzito. Upigaji picha ulianza Machi 1976 na kumalizika Mei 1977. Harvey Keitel, aliyekuwa Willard wa kwanza, aliondolewa baada ya wiki chache na nafasi yake akapewa Sheen. Kimbunga kikabomoa seti. Sheen naye akapata mshtuko wa moyo. Helikopta zilikuwa za jeshi la serikali ya Rais Marcos wa nchi hiyo, na mara nyingine ziliitwa ghafla kwenda kupigana na waasi. Hebu fikiria umeshapanga ratiba ya siku nzima, waigizaji wa ziada wamevaa, baruti zimetegwa, halafu helikopta zinageuka na kuondoka.

Mimi nimefanya kazi hii kwenye filamu ndogondogo, na siku moja mwigizaji aliyepaswa kuwa polisi hakutokea, nikavalishwa sare kwa sababu nilikuwa pale na mistari yote nilikuwa nayo kichwani. Nilicheza vibaya kabisa, maana huku nikimhoji mtuhumiwa, masikio yangu yalikuwa nje yakisikiliza kama basi la waigizaji wa ziada limefika. Ndiyo maana utulivu wa Ziesmer unanishangaza. Haigizi ukali, anaongea kama mtu aliyezoea kutoa amri bila kuirudia, na naamini mazoea hayo aliyatoa kwenye kazi yake ya kila siku, si katika darasa la uigizaji.

Coppola mwenyewe naye anaonekana katika filamu hiyo, akiwa mtu wa televisheni anayewapigia kelele askari wapite bila kuangalia kamera, jambo ambalo ni utani wa wazi. Kwa Ziesmer hakuna utani: ukimtoa yeye mezani, amri inabaki haijatamkwa, na Willard hana sababu ya kupanda boti kumfuata Kurtz.

Baadaye Ziesmer aliandika kumbukumbu za maisha yake ya kazi. Jina la kitabu hicho linawataja waongozaji watatu, Coppola, Spielberg na Crowe, na linaanza na yale maneno ambayo msaidizi humwambia bosi wake taa zikishawekwa, watu wamenyamaza na kila mmoja yuko mahali pake: tunakusubiri wewe tu.