Safu ya Sababu

Mwanangu alikuwa sakafuni akichana magazeti ya zamani. Shuleni wameagizwa watengeneze kinyago cha karatasi na gundi, na vipande vinatakiwa viwe virefu, vyembamba, upana wa vidole viwili. Akachana, akachana, mara akanuna.

"Mama, hili gazeti lina wazimu. Nikichana kutoka juu kwenda chini linanitii. Nikichana kwenda upande linakwenda linakotaka lenyewe."

Nikamwambia halina wazimu, lina njia yake. Nyuzi zake nyingi zimelala kuelekea upande mmoja. Ukizifuata zinakuachia, ukizikata zinakugomea.

"Nani kazilaza?"

Nikafungua kinywa nimjibu, na kabla ya jibu nikausikia ule mlio. Si mlio hasa. Ni pale mlio unapokatika.

Habari za kiwanda cha karatasi nilichofanyia kazi nimekwisha kuzisimulia vya kutosha: nilivyoingia, nani alisema mwanamke hatamudu zamu ya usiku, na ile harufu iliyohamia kwenye nywele zangu isitoke hata kwa sabuni gani. Magogo yaliyokatwakatwa hupikwa na kostiki soda pamoja na salfidi ya sodiamu, joto la sentigredi 170 hivi, mpaka lignini inayozishikanisha nyuzi za mti iyeyuke. Salfa hiyo hutoa gesi ambazo pua ya binadamu huzinasa hata zikiwa kidogo kupita kiasi. Fikiria yai viza. Wafanyakazi wa viwanda vya namna hii katika nchi nyingi wana mzaha mmoja, kwamba hiyo ni harufu ya pesa. Pesa zangu basi zilinuka sana, ingawa hazikuwa nyingi kiasi hicho.

Lakini swali la mtoto lilikuwa la mashine, si la mtungi wa kupikia. Rojo, yaani hizo nyuzi zilizopikwa na kuchanganywa na maji, likifika kwenye mashine ya karatasi, asilimia 99 yake ni maji. Watu huwa hawaniamini. Unaona maziwa mepesi tu yakimwagika kutoka sanduku la mbele kwenye wavu unaokimbia, na ndani ya maziwa hayo zimo nyuzi, chache, zinaelea. Wavu unakimbia mbele, maji yanachujika chini, na nyuzi zinajigeuza kufuata mwendo kama magogo yanavyofuata mkondo wa mto. Basi. Hapo ndipo gazeti la mwanangu lilipopata ukaidi wake. Kutoka wavuni, karatasi inabanwa kati ya rola na blanketi za kunyonya maji, halafu inapita juu na chini ya silinda za moto, msururu mrefu, hadi inazungushwa kwenye roli upande wa pili.

Mzee wa zamu yetu alipenda kutukumbusha kwamba mashine ile ilizaliwa kwa ugomvi. Louis-Nicolas Robert, Mfaransa, aliibuni baada ya kuchoshwa na mizozo ya wafanyakazi waliokuwa wakichota karatasi kwa mkono, ukurasa mmoja mmoja. Akapata hataza mwaka 1799. Kule Uingereza ndugu wawili, akina Fourdrinier, wakaigharamia iendelezwe mpaka wakafilisika, na mpaka leo mashine za aina hiyo zinaitwa kwa jina lao. "Mmoja kaikimbilia kwa sababu ya lawama," mzee alikuwa akisema, "wengine ikawamaliza. Sasa nyinyi mnaigombania nini?" Kisha anaketi tena kwenye kigoda chake na kuisikiliza.

Maana alikuwa akiisikiliza kweli. Mashine yetu ilikuwa ya zamani, ikienda mita 400 kwa dakika, mwendo ambao mashine mpya zingeucheka. Ikikimbia vizuri ilikuwa na mvumo mmoja uliotanda, na juu ya mvumo huo karatasi yenyewe iliimba, sauti nyembamba ya kitu kilichovutwa sawasawa. Mgeni hausikii wimbo ule. Mgeni anausikia unapokoma.

Ulikuwa mwezi wangu wa tatu. Saa tisa kasoro, usiku. Nilipewa mpira wa maji nioshe kando ya wavu, maana rojo hurukia kwenye fremu, hunata, na likiachwa hudondoka juu ya karatasi na kuwa kidonda. Kuosha ni kazi ya mgeni. Kanuni yake ni moja: maji yaelekee chini, kamwe yasipande juu ya wavu. Niliijua. Nilikuwa na usingizi pia, ule usingizi wa zamu unaokuacha macho wazi na kukuchukua mengine yote.

Mpira ukaruka mkononi mwangu. Kidogo tu, kama mtu aliyeshtuliwa. Sijui kama tone lilifika kwenye karatasi. Hadithi nzima imekaa hapo, kwa hiyo narudia: sijui. Niliona maji yakimeta hewani chini ya taa, nikaona wavu unapita, na kabla sijahesabu hata ishirini, kule mbali kwenye silinda, wimbo ukakatika.

King'ora. Taa nyekundu. Watu waliokuwa wakisinzia wakawa wanakimbia. Mashine haisimami karatasi ikikatika; wavu unaendelea, rojo linaendelea kumwagika, karatasi bichi inaporomoka kwenye shimo chini ya mashine ikakorogwe upya, na kwenye silinda ile iliyokwisha kauka inajikunja, inajirundika, inajazana kama nguo za nyumba nzima, huku watu wakiivuta kwa vyuma na mikono na kuitupa chini. Dakika ishirini za vurugu sitazieleza. Zote zinafanana.

Ninachokikumbuka ni mkia.

Ili kuirudisha karatasi, hauirudishi yote kwa mara moja. Unakata ukanda mwembamba pembeni, upana wa viganja viwili hivi, unaupitisha peke yake kwanza, na ukishafika mwisho ndipo unaupanua mpaka karatasi nzima ifuate. Huo ndio mkia. Mashine za kisasa huupitisha kwa hewa na kamba bila mtu kuugusa. Yetu ilikuwa na pengo moja, kati ya rola ya mwisho ya kubana na silinda ya kwanza, ambapo lazima mkono wa mtu uutoe huku na kuukabidhi kule.

"Binti," mzee akaniita. "Njoo wewe."

Nilidhani sikusikia. Kulikuwa na vijana wawili waliotangulia kabla yangu, na wote walinitazama.

"Kiganja wazi," akasema. Ilibidi apige kelele sikioni mwangu. "Usikunje ngumi. Usiuzungushe kidoleni hata mara moja. Ukikuponyoka, uache uende. Karatasi tutapata nyingine."

Nikanyoosha mkono. Mkia ulikuja ukitetemeka, mweupe, ukitoa mvuke kidogo, na ulipotua juu ya kiganja changu nikashangaa jinsi ulivyokuwa na joto. Sikutarajia joto. Zaidi ya nusu yake ilikuwa bado maji, hauna nguvu ya kitu chochote; ungeupulizia tu ungechanika. Ulinipita juu ya ngozi kwa kasi, laini, na nilihisi ukiondoka muda uleule nilipohisi ukifika. Sikuushika. Haushikiki. Niliuinua tu, nikauegemeza kwa silinda, nayo ikauchukua ghafla kama mtu aliyekuwa akiungoja tangu asubuhi. Kiganja kikabaki kitupu, kimelowa, na juu yake nyuzi kama sita au saba, nyembamba kuliko unywele, zilizobaki nyuma.

Nikasimama nazitazama. Mtu akanisukuma nipishe. Mkia ukapanuliwa, karatasi ikatanda, wimbo ukarudi. Nilifurahi, na furaha yenyewe ikanitia aibu, maana nilikuwa nashangiliwa kwa kuziba tobo ambalo huenda nililitoboa mwenyewe.

Mzee hakushangilia. Alikwenda moja kwa moja kwenye roli iliyokuwa imeondolewa. Ile ncha ya mwisho iliyozungushwa kabla ya kukatika ndiyo ukingo wa jeraha, na yeye alikuwa na desturi ya kuusoma. Akafunua, akapapasa kwa dole gumba, akapata alichokuwa akikitafuta. Akatoa kisu, akakata kipande kama cha bahasha, akakiinua kwenye taa.

Alikuwa ametufundisha hili wiki chache kabla. Hewa ya moto inayotoka kwenye silinda hupanda darini, darini kuna mabati, usiku mabati yanapoa, mvuke unageuka matone. Tone la darini hushuka na kutu, linaacha doa la hudhurungi. Tone la mpira wa maji halina rangi. Yote mawili huitoboa karatasi vilevile.

Alikitazama kile kipande muda mrefu. Kisha akakikunja mara mbili, akakitia mfukoni.

"Ulikuwa unaosha?"

"Ndiyo, mzee."

"Maji yalielekea wapi?"

"Chini."

Sikusema uongo. Yalielekea chini, asilimia 99. Ila mimi nilikuwa mtu wa pale, nilijua ile asilimia moja inayobaki ndiyo inayokuwa karatasi.

Kila kukatika kuliandikwa kwenye fomu. Saa, mahali, dakika zilizopotea, sababu. Wageni ndio tulioandika kwa sababu tulikuwa na mwandiko wa shule. Nikaandika 02:52. Nikaandika silinda. Nikaandika 41. Dakika 41 kwa mwendo ule ni kilomita 16 na ushei za karatasi ambayo haikuwahi kuwa karatasi. Kwenye safu ya sababu kalamu ikasimama. Wengine huandika "haijulikani", na wahandisi wakiliona neno hilo hukunja uso, kwa sababu wanajua maana yake ni kwamba inajulikana.

Mzee akanyoosha mkono nimpe kalamu. Akaandika kwa herufi zake kubwa: TONE KUTOKA DARINI. Akatia sahihi. Akarudi kwenye kigoda.

Mngedhani yameishia hapo, lakini fomu husomwa. Wiki iliyofuata walikuja mafundi na majukwaa, wakapanda darini, wakakagua mabati, wakaongeza vipulizio vya hewa ya moto, wakafunika sehemu iliyokuwa ikitoa jasho kweli. Kazi ya siku nyingi. Nilipita chini yao kila zamu nikiwa nimeinamisha kichwa kama mwizi. Nikajiambia, hawa watu wanatengeneza dari kwa sababu ya mpira wangu.

Halafu kukatika kwa usiku kukapungua. Nilijua kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa nikijaza fomu. Mwezi ule, na uliofuata. Kwa hiyo ama kilikuwa na kutu kile kipande, na mzee aliandika alichokiona, au hakikuwa nayo, na uongo wake ukatibu ugonjwa wa kweli. Nimeigeuza mara nyingi. Kuna siku naona aliniokoa. Kuna siku nahisi aliona mgeni aliyeogopa kusema na akaamua kutumia nafasi hiyo kupata dari aliyokuwa akiiomba kwa miaka, na mimi sikuwemo kabisa kwenye hesabu zake. Tafsiri hii ya pili inaniuma zaidi, sijui kwa nini.

Niliwahi kumuuliza. Siku yake ya mwisho kazini nilimfuata kwenye makabati, akikunja ovaroli yake kwa utulivu, kona kwa kona.

"Mzee, ile karatasi uliyoitia mfukoni..."

"Karatasi ipi, binti?" akasema. "Mimi nimetengeneza karatasi maisha yangu yote."

Na akacheka. Hakuwa mtu wa kucheka. Nikamsaidia kubeba mfuko.

Haya yote sikumwambia mwanangu. Nilimwonyesha tu. Nilikata ukanda wa gazeti kwa kufuata njia yake, mrefu, nikaloweka kidole kwenye kikombe cha gundi yenye maji, nikaacha tone moja katikati. Nikampa ncha zote mbili, nikamwambia avute taratibu.

Ukakatika palepale kwenye tone, bila sauti.

Akaziangalia ncha, akazileta karibu na macho, moja halafu nyingine. "Nani kaweka maji hapa?" Alikuwa ameniona nikiyaweka, lakini ndivyo anavyouliza.

"Mimi," nikasema.

Akaridhika. Akavuta gazeti lingine, akaligeuza upande unaotii, akaanza upya.