Muwati unangoja moto, parachichi halingoji mtu

Kamwene wadau. Mvua za kupandia zikishashika huku Njombe najua simu yangu haitatulia, maana nina kitalu cha miche na watu wanajua napenda stori za mbegu, kwa hiyo kila ambaye kitu chake hakijaota ananitafuta na lalamiko ni lile lile, "kaka nimeuziwa mbegu feki". Feki zipo, sikatai, tena nyingi. Ila nikiuliza maswali mawili matatu mara nyingi nakuta mbegu ni nzima kabisa, imegoma tu kwa sababu haijapata inachokitaka, au ilikuwa nzima mpaka mwenyewe alipoiua kwa kuitunza vizuri. Ndiyo, kwa kuitunza vizuri, nitafika huko.

Bamdogo wangu alitaka kupanda miwati (wattle), ile miti ya kuchomea mkaa. Akapata mbegu, akaziloweka maji baridi usiku kucha kama alivyozoea kwenye paina (paina haina makuu, usiku mmoja kwenye maji inatosha), akasia, akangoja wee, hola. Akanipigia amewaka: "Mwanangu, hawa jamaa wamenipiga." Nikamwambia baba chimbua moja uiangalie. Ilikuwa kavu na ngumu vile vile, haijavimba hata kidogo.

Muwati ndivyo ulivyo. Ganda la mbegu yake halipitishi maji, seli zake zimebanana na zina nta, na kuna sehemu moja ndogo tu pembeni ya kovu la kikonyo ambayo joto kali likiipata inaachia na maji yanapata pa kuingilia. Kabla ya hapo hata uiloweke wiki, unaiosha tu. Kwao Australia kazi hiyo inafanywa na moto wa porini, miti ya juu inaungua, mbegu chini zinapata joto, zinaota kwenye majivu ambapo kuna mwanga na hakuna wa kugombania nao. Sisi tunatumia sufuria: maji yachemke, epua, mimina mbegu, acha yapoe yenyewe mpaka kesho. Zilizovimba sia, zilizobaki ndogo rudishia maji ya moto. Bamdogo alirudia na mbegu za mfuko ule ule na zikaota, sasa hivi yeye ndiye anafundisha wenzie.

Ugomvi wa pili wa muwati ni wale wanaotaka usiote. Hapa Njombe kampuni ya Tanganyika Wattle ilianza 1949 kwa ajili ya magome ya kutengenezea dawa ya kusindika ngozi za wanyama, na miti ikasambaa mpaka kwenye mashamba ya watu. Sasa mtu ananunua shamba lililokuwa na miwati, anakata, anakusanya matawi anachoma moto asafishe, halafu mvua ikija anakuta miche imesongamana huna pa kuweka unyayo. Anashangaa nani kasia. Umesia wewe na kiberiti chako bana! Mbegu za miti ile zilikuwa udongoni zimelala, na zinaweza kulala hivyo miongo kadhaa.

Na unajua hiyo miongo kadhaa bado ni kidogo. Kule Michigan, Marekani, mwaka 1879 profesa William James Beal alifukia chupa 20 zenye mbegu za magugu, zinafukuliwa moja baada ya nyingine kwa miaka mingi, na iliyofukuliwa 2021 bado ilikuwa na mbegu zilizoota. Israeli nao waliotesha mbegu ya mtende iliyotoka magofu ya Masada, ina umri wa kama miaka 2000.

Haya, njoo sasa kwenye parachichi, ambalo ndilo pesa ya huku kwa sasa. Watu wanakusanya kokwa za parachichi za kienyeji ili waoteshe shina la kubebeshea Hass (ile aina ya parachichi ya biashara), halafu kwa akili ya mahindi na maharage wanazianika juani zikauke vizuri, wanaziweka kwenye kiroba stoo zingoje msimu. Umeua. Mbegu ya mahindi ikikaushwa inapata maisha, kuna kanuni ya wataalamu kwamba kila asilimia moja ya unyevu unayopunguza inaongeza umri wake karibu mara mbili, lakini parachichi halina huo mfumo kabisa, limeumbwa lianguke chini ya mti kwenye majani mabichi liendelee na safari. Likikauka seli zinapasuka na hakuna maji ya moto wala dawa ya kulirudisha. Ukitoa kokwa osha, panda ndani ya siku chache, basi. Ndiyo maana hata ile ghala kubwa ya mbegu ya Svalbard, Norwei, iliyofunguliwa 2008, kwenye baridi ya nyuzi 18 chini ya sifuri, haiwezi kulitunza parachichi. Aina zake zinatunzwa zikiwa miti hai shambani. Chai ya Mufindi na Rungwe nayo tabia yake ni hiyo hiyo.

Mahindi yenyewe tumeyaharibu sisi, kama ni kuharibu. Ndani ya mbegu kuna homoni mbili zinavutana, asidi ya absisiki inashika breki mbegu isiote na jibarelini inakanyaga mafuta iote, na babu zetu wakulima wa dunia nzima kwa maelfu ya miaka walichagua zinazoota haraka na kwa pamoja, kwa hiyo breki ikabaki dhaifu. Waulize watu wa Tukuyu, mvua ikikomaa mahindi bado yako shambani yanachipua huko huko kwenye gunzi.

Magugu hayakuchaguliwa na mtu ndiyo maana yanatushinda. Chukua kishona nguo, kile kinachong'ang'ania suruali, chuma kichwa kimoja kilichokauka utaona vimbegu vya katikati ni virefu na vya pembeni vifupi. Virefu vinaota kirahisi, vifupi vinabaki nyuma vinataka mwanga ndiyo viamke. Mmea mmoja huo. Novemba mvua ikidanganya wiki moja ikakata, virefu vimekufa lakini ukoo upo. Halafu wewe unakuja na jembe unavigeuza vifupi juu vipate mwanga, unalalamika mbona nimelima juzi tu.

Ila mwenye akili kuliko wote ni kiduha (Striga), gugu linalonyonya mizizi ya mazao, watu wa Kyela wenye mpunga wa nchi kavu wanakijua. Kimbegu ni kama vumbi, hakina akiba ya chakula, kikiota mbali na mzizi wa mpunga au mahindi kinakufa ndani ya siku chache, kwa hiyo kinakaa udongoni miaka na miaka mpaka kinuse kemikali zinazotoka kwenye mzizi. Na mmea hauzitoi ili umuite mwizi, unaita fangasi wazuri wa kuusaidia kupata fosfeti (kirutubisho cha udongoni), na udongo ukiwa umechoka unaita zaidi. Yaani shamba maskini ndilo linalopiga kelele zaidi na kiduha ndiye anayesikia.

Wamarekani kilipoonekana Carolina mwaka 1956 waliingiza ardhini gesi ya ethilini, ile ile inayotoka kwenye ndizi ikiiva, kikaota bila mahindi karibu kikafa chenyewe. Sisi mitambo hiyo hatuna, lakini kuna aina za soya na karanga ambazo mizizi yake inakiamsha na hakiwezi kuzinyonya, kwa hiyo zungusha mazao na tia samadi, na msimu ambao kiduha kimeonekana king'oe kabla hakijatoa mbegu, maana mmea mmoja unamwaga maelfu kwa maelfu. Mwenye swali la viazi aandike chini, wale wanaouliza kwa nini kiazi kilichochimbwa juzi hakichipui, hiyo nataka niiandikie peke yake.