M inayojivika b

Jumapili usiku.

Wiki nzima ni kunakili rekodi za Kikaritiana, lugha pekee iliyobaki ya tawi la Arikém katika ukoo wa Kitupi. Wasemaji ni mia chache tu, katika jimbo la Rondônia nchini Brazili, kusini mwa Porto Velho. Sikio la Mswahili huingia humo kwa kujiamini, kwani mb na nd tumezizoea tangu utotoni. Mtego uko hapohapo. Kwetu mama si mamba. Kule m na mb ni sauti moja.

Kila kitu kinaanzia kwenye irabu. Za msingi ni 5: a, e, i, o, na y, ambayo hutamkwa midomo ikiwa imetandazwa kama ya i lakini ulimi ukirudi katikati. U haimo, na anayeitia u mahali pa y ameharibu neno. Kila moja huwa fupi au ndefu, ya kinywani au ya puani, yaani pumzi ikipita kinywani tu au puani pia: jumla 20.

Sasa m. Kati ya irabu mbili za puani hubaki m safi. Ikitanguliwa na irabu ya kinywani na kufuatwa na ya puani, huwa bm. Kinyume chake, mb. Kati ya mbili za kinywani husikika bmb, sauti ambayo hata sisi inatushinda. N nayo hufanya hivyohivyo: dnd. Sababu ni kaakaa laini, ile nyama ya nyuma juu ya ulimi: huchelewa kufungua njia ya pua baada ya irabu ya kinywani, na huifunga mapema kabla yake, ili irabu hiyo isichafuke, na gharama yote huibeba konsonanti. Kwa hiyo anayenakili m, mb, bm na bmb kama konsonanti nne amehesabu kivuli. Abaini irabu kwanza: msemaji airefushe, kisha abane pua. Mlio ukibadilika, ni ya puani.

Kosa jingine liko mwishoni mwa neno. Opok, yaani mtu asiye mwenyeji wa asili, huishia kwa k isiyoachiwa: ulimi hugusa na kutulia. Sisi tunaongeza irabu bila kujijua, “opoki”, na hapo opok amejitambulisha. Kwenye picha ya sauti, ule mchoro wa kompyuta unaoonyesha sauti kwa mistari, usitafute mlipuko wa k, haupo. Tazama mistari ya irabu iliyotangulia inavyopinda kabla ya kukatika. Rekodi iliyobanwa kutumwa kwa simu huweza kuufuta mpindo huo, kwa hiyo faili la WAV, yaani rekodi isiyobanwa, lisiguswe.