“Wenyewe Hawapo”

Tumsifu Yesu Kristo, wapendwa.

Zaburi ya 68 inatuambia, “Mungu huwakalisha wapweke nyumbani.” Nimeusoma mstari huo wiki hii nikiiwaza mitaa yetu ya Kibada, hapa Kigamboni, Dar es Salaam. Viwanja hivi vilipimwa kwenye ule mradi wa viwanja 20,000 ulioanza mwaka 2002, na tangu daraja la Kigamboni lifunguliwe mwaka 2016, nyumba zinaota kila kukicha. Watu wamejinyima miaka mingi mpaka wakahamia kwao. Kwa hilo tunamshukuru Mungu.

Lakini wapo waliohamia kwa kuletwa. Namfikiria hasa bibi aliyetolewa kijijini aje kukaa na wajukuu. Kule kwao, mpaka afike kisimani ameshasalimiana na nusu ya kijiji. Hapa mwanawe na mkwewe wanatoka saa kumi na moja alfajiri kukwepa foleni, watoto wanachukuliwa na basi la shule, geti linafungwa. Anabaki na dada wa kazi, televisheni, na ukuta uliopandwa vipande vya chupa juu. Ukigonga, anajibu akiwa ndani: “Wenyewe hawapo.” Jibu hilo linaniumiza sana. Kwani yeye ni nani katika nyumba ile?

Jina lake tunakuja kulijua siku turubai limefungwa barabarani na watu wanaulizana aliyefariki ni nani. Hapo michango tunatoa, tena kwa moyo, na kina mama wanakesha jikoni. Kumbe nguvu ya kufika tunayo.

Maaskofu wa AMECEA, umoja wa maaskofu Wakatoliki wa Afrika Mashariki, walipokazia mwaka 1976 jumuiya ndogo ndogo, yaani waumini majirani wanaosali pamoja majumbani, walitaka Kanisa liishi pale watu wanapoishi. Sisi tumezoea kusali kwa wale wale. Nyumba isiyotoa mchango tunaipita, na ya Mlutheri au ya Mwislamu tunaona haituhusu, ingawa Zaburi haikutaja wapweke wa parokia yetu tu.

Naomba Jumamosi hii, tukimaliza sala na kabla ya kuanza habari za michango, tugawane mtaa wawili wawili, tukapige hodi. Tusibebe bahasha wala daftari. Tukiambiwa wenyewe hawapo, tuseme tumekuja kumwamkia bibi. Na wale mnaojua Kipare, Kihehe au Kimakonde mtangulie mbele, maana akisikia shikamoo ya lugha ya kwao, funguo ataitafuta mwenyewe.