Eungyo: ugomvi wa kalamu kabla ya ugomvi wa mapenzi

Vikundi vya filamu hapa Unguja vikiitaja Eungyo, mjadala hukwama palepale: mzee na msichana. Filamu hiyo ya Korea Kusini, iliyoongozwa na Jung Ji-woo mwaka 2012, ina jambo zito zaidi.

Lee Jeok-yo ni mshairi wa miaka 70. Mwanafunzi wake, Seo Ji-woo, amepata jina kwa riwaya aliyoandikiwa na huyo mzee. Han Eun-gyo, msichana wa skuli mwenye miaka 17, anakuja kufanya usafi nyumbani, na mzee anaanza kuutamani ujana wake uliopita.

Tazameni vizuri tukio la kioo. Kioo cha kujitazamia cha Eun-gyo kinapoanguka gengeni, kwenye mteremko wa mawe, mwanafunzi Ji-woo anaona kitanunuliwa kingine. Mzee anaiona thamani yake kwa msichana, anashuka mwenyewe kukifuata. Tofauti yote ya mwenye kipaji na asiyekuwa nacho imo humo, na ndiyo inayomla Ji-woo roho. Baadaye anaiiba hadithi ambayo mzee ameandika juu ya msichana, anaichapisha kwa jina lake na kupewa tuzo. Mwanafunzi anamhusudu bwana wake kipaji; bwana anamhusudu mwanafunzi miaka. Hadhira iliyolelewa na taarabu itaufahamu wivu huo bila ya kufafanuliwa.

Park Hae-il aliigiza mzee akiwa na miaka 35, chini ya ngozi ya bandia. Sababu ipo: mzee anajiota kijana, na uso uleule lazima utumike kotekote. Lakini macho na sauti haviwezi kubandikwa ngozi, kwa hivyo kila akisogelewa na kamera ujana unachungulia. Hilo linasameheka.

Lisilosameheka ni kamera kumwangalia Eun-gyo kwa macho ya wanaume hao. Sheria ya Mtoto ya Zanzibar ya 2011 inamhesabu aliye chini ya miaka 18 kuwa mtoto, basi anayeongoza mjadala asiyaite haya mapenzi. Kim Go-eun, katika filamu yake ya kwanza, anampa msichana upweke unaostahiki kuzungumzwa.

Ionesheni kwa watu wazima pekee. Simamisheni filamu baada ya hotuba ya mzee kwenye utoaji tuzo, anaposema kuwa uzee wake si adhabu ya kosa lolote, kama ujana usivyokuwa malipo ya jitihada. Kisha ulizeni: hadithi iliyoibiwa ilikuwa ya nani, na nani alimuomba Eun-gyo ruhusa ya kumwandika?