Hongera ya Shangazi

Shangazi wa Muheza ameshaondoka, lakini maneno yake ameniachia. Naosha vyombo nayo, napanda nayo daladala. Wiki hii kituo cha televisheni kimeukubali msimu wa pili wa tamthilia yangu, mdogo wangu kajifungua salama mtoto wa kike, alhamdulillahi, na bado kinachoninyima usingizi ni mazungumzo yale ya sebuleni.

Nilimweleza kwamba sasa mimi ni prodyusa. Akanishika mikono yote miwili.

"Hongera mwanangu. Nilikuwa nakuombea. Sasa utaacha kujifungia ndani kuandikaandika, na wewe uwe na kazi."

"Lakini Shangazi, bado naandika."

"Unaandika nini, na wenye kusema si wapo?"

Wenye kusema si wapo! Nimeshamjibu kichwani kila namna. Kwamba kabla kamera haijawashwa, kuna mtu ameshaamua nani anaijua siri, nani ataijua Ijumaa, na mama gani atanyamaza pale mtazamaji anapotamani aseme. Kwamba bajeti nimeishika ili sini muhimu isifutwe na mtu aliyeona gharama ya lokesheni tu. Na kwamba Miguel Sabido wa Mexico, ninayemtaja hapa kila mara, alikuwa mwandishi na prodyusa pia. Aliona telenovela ya Peru ya 1969, Simplemente María, jinsi mshonaji wa kwenye hadithi alivyowafanya wanawake wakatafute cherehani za kweli. Mwaka 1975 akatoa Ven conmigo, kuhusu watu wazima wanaojifunza kusoma. Kati ya mwema na mwovu alimweka mtu wa tatu, anayeyumba, na huyo ndiye alitaka mtazamaji ajione ndani yake. Mimi wahusika ninaowapenda wote ni hao wanaoyumba.

Yote hayo sikuyasema. Tulipokuwa stendi ya Magufuli tukisubiri basi lake, nikamuuliza tu kama anaukumbuka Twende na Wakati, ule mchezo wa Redio Tanzania.

"Mkwaju!" Akaanza kumlaani upya yule dereva wa lori na wanawake zake wa njiani, abiria wakageuka. Akamhurumia Tunu, mkewe. Halafu akasema taratibu, "Mimi nilimwambia marehemu, mume wangu, usinifanyie mambo ya Mkwaju. Siku hiyo ndiyo tulizungumza kweli."

Mchezo ule ulianza 1993, kwa njia ileile ya Sabido, ya kufunza watu kupitia hadithi, ambayo Kenya waliitumia kwenye televisheni mwaka 1987, katika Tushauriane. Dodoma hawakurushiwa mpaka 1995, kwa makusudi, watafiti wapate pa kulinganishia. Hayo nilikuwa nayajua siku zote. Nisilolijua ni kwamba ulifika mpaka kwenye ndoa ya shangazi yangu. Kuna watu walijifungia ndani Dar wakamwandika Mkwaju, na zaidi ya miaka thelathini baadaye bado anampandisha mama wa watu hasira stendi.

Nilirudi nyumbani nina furaha isiyo na mfano. Nikafungua skripti ya episodi ya kwanza, nikaandika mpaka adhana ya alfajiri.

Ila kisima cha hapa nyumbani kimeanza kutoa maji ya chumvi, fundi hapokei simu, na Ijumaa mdogo wangu anahamia kwetu na kichanga.