Nilivyopanda Mlima Olympus wa Washington: mfupi, lakini wa maji na barafu

Aliyezoea hesabu za Kilimanjaro akisikia mita 2,432 anaweza kuudharau Mlima Olympus, ulioko jimbo la Washington, Marekani. Kilele chake hakifikii hata kambi ya Mandara kwenye njia ya Marangu. Hewa inatosha, kichwa hakiumi. Ila mlima huu uko kilomita 55 hivi kutoka Bahari ya Pasifiki, na mawingu ya baharini yanaugonga yakiwa bado yamejaa. Bonde la mto Hoh hupata zaidi ya milimita 3,000 za mvua kwa mwaka, na kule juu maji hayo huanguka yakiwa theluji, nyingi kuliko jua la kiangazi linavyoweza kuyeyusha. Ndiyo sababu ya mlima mfupi namna hii kuvaa mito ya barafu. Nilipanga siku tano, na karibu kila uamuzi ulitokana na unyevu huo.

Nilienda katikati ya Julai. Mapema zaidi, theluji laini hufunika nyufa za barafu usizione. Kufikia Septemba nyufa zimepanuka na madaraja ya theluji yamevunjika, kwa hiyo unazunguka sana. Kibali cha kulala porini unakiomba mapema, maana nafasi za kambi zina kikomo.

Njia inaanzia kituo cha wageni cha Hoh, chini ya mita 200 juu ya usawa wa bahari, na kutoka hapo hadi kambi ya Glacier Meadows ni kilomita 28. Niligawa mwendo huo kwa siku mbili. Sehemu kubwa ni tambarare msituni, kisha njia inavuka daraja refu juu ya korongo na kupanda kwa nguvu hadi ziwa la Elk Lake na kuendelea. Karibu na mwisho, maporomoko yamekula njia, na hapo unashuka kwa ngazi ndefu ya kamba yenye vipago vya mbao. Shukeni mmoja mmoja, mizigo ikiwa imekazwa mgongoni, kwa sababu mawe hudondoka. Maji msichote mto Hoh wenyewe: weupe ule kama maziwa ni unga wa mawe uliosagwa na barafu, nao huziba chujio haraka. Tumieni vijito vya pembeni.

Nguo za pamba ziacheni nyumbani. Nilivaa sufu, na mfuko wa kulalia ulikuwa wa nyuzi za viwandani, maana manyoya ya bata yakilowa hayapashi joto tena.

Siku ya kilele tuliondoka saa tisa usiku. Kutoka kambini unapanda tuta la mawe lililoachwa na Blue Glacier, mto wa barafu wa mlima huu, kisha unashuka upande wa pili hadi kwenye barafu. Mteremko huo ni mbaya na unazidi kuwa mbaya. Barafu hii imekuwa ikichunguzwa na wanasayansi tangu 1957, na kadiri inavyopungua, ukuta wa mawe iliokuwa ikiuegemea unabaki wazi na kubomoka. Msimsubiri mwenzenu akiwa juu yenu moja kwa moja. Helmeti huvaliwa hapa, si kwenye mwamba wa mwisho tu.

Kwenye barafu tupu kramponi (meno ya chuma yanayofungwa chini ya viatu) hushika vizuri na nyufa unaziona. Theluji inapoanza ndipo kamba inapohitajika. Tulikuwa watatu, tukaachiana mita 12 hivi. Mkiwa wawili, ongezeni nafasi hadi mita 15 au zaidi na fungeni mafundo kati yenu: mmoja akitumbukia, fundo hujikita kwenye ukingo wa theluji na kumpunguzia mwenzake mzigo. Kila mtu awe na vikamba vya prusiki, vya kufunga fundo linalobana kamba kuu ili upande nayo, tayari kwenye mkanda. Ukishaning'inia ni kazi kuvitafuta mkobani.

Theluji ya pwani ni nzito, hujazana chini ya kramponi hadi unatembea juu ya donge linaloteleza. Gonga kiatu kwa mpini wa shoka la barafu kila hatua chache, na nunua kramponi zenye bamba la kuzuia theluji kuganda.

Snow Dome ni uwanda mpana mweupe, na ndipo watu hupotea. Wingu likishuka, hujui juu wala chini. Nilirekodi alama za GPS wakati wa kupanda, kukiwa bado wazi, kila mahali tulipobadili uelekeo. Ramani ya simu peke yake isitegemewe, kwa sababu baridi na maji humaliza betri.

Baada ya Crystal Pass unafika kilele cha uongo, halafu ndipo unaiona West Peak yenyewe, kilele halisi, ambayo ni mwamba mtupu. Kipande cha mwisho ni kama mita 30. Si kigumu kwa mkwea miamba, lakini ukidondoka umekwisha, kwa hiyo tulifunga kamba na kushuka kwa kamba pia. Kabla ya kuning'inia, kagueni mikanda ya kushikizia kamba iliyoachwa mwambani na wengine. Iliyopauka ikateni, mfunge yenu. Mwanya kati ya theluji na mwamba uangalieni wakati wa kupanda, kwa sababu mchana kingo zake hulainika.

Tulirudi kambini saa kumi na moja jioni. Kipande kilichotuchelewesha kuliko vyote kilikuwa lile tuta la mawe, safari hii tukilipanda kwa miguu iliyochoka. Tengeni saa nzima kwa ajili yake.